Mtemi, Malkia na Rais: Nani Anatushikia Dhahabu Yetu?

Uwe Shinyanga mjini, Kahama, Kakola, Geita au Katoro, au uwe ndani ya gari linaloelekea Ushirombo, nina jambo jioni hii ambalo naomba tulipitie taratibu, kwa sababu linahusu ardhi tunayoikanyaga na watu tuliowakabidhi watushikie.

Mwezi Oktoba 1947, katika mgodi wa Mwadui, iliokotwa almasi ya rangi ya waridi yenye uzito wa karati 54.5. Mwenye mgodi alikuwa Dokta John Williamson, mwanajiolojia kutoka Kanada. Mwezi uliofuata Binti Mfalme Elizabeth wa Uingereza alikuwa anaolewa, na Williamson akampa jiwe lile liwe zawadi ya harusi. Lilikatwa London likabaki karati 23.6, na mwaka 1953 likatiwa katikati ya bruchi yenye umbo la ua. Kwa miaka mingi, akiwa sasa malkia, alionekana nalo kifuani katika sherehe kubwa za dunia. Lilitoka hapa kwetu, Shinyanga.

Sasa tazama historia ilivyokwenda. Tarehe 9 Desemba 1961 Tanganyika ikapata uhuru. Bendera ikabadilika, wimbo ukabadilika, watu wakacheza ngoma mpaka asubuhi. Lakini mkuu wa nchi katika Tanganyika huru hakuwa Julius Nyerere. Alikuwa ni huyohuyo Elizabeth wa Pili, na hapa aliwakilishwa na Gavana Mkuu, Sir Richard Turnbull. Nyerere alikuwa Waziri Mkuu, na Januari 1962 alipojiuzulu ili akakijenge chama chake cha TANU, kazi hiyo ikashikwa na Rashidi Kawawa. Kwa mwaka mmoja kamili, hadi tulipokuwa jamhuri tarehe 9 Desemba 1962, tuliishi na viti viwili. Kimoja kilikuwa cha enzi, na aliyekikalia hakuwa na amri juu ya bajeti wala juu ya polisi. Kingine kilikuwa cha kazi, na aliyekikalia aliulizwa maswali bungeni.

Mwaka ule tunaukumbuka kidogo sana, na mimi naona tunakosea. Ndiyo mara pekee katika historia yetu ya kisasa ambapo heshima ya nchi na uendeshaji wa serikali vilikaa mikononi mwa watu wawili tofauti. Simwombolezei malkia. Ilikuwa haki na ilikuwa lazima tumwondoe, maana taifa huru haliwezi kuwa na mkuu anayeishi ng'ambo na ambaye halikumchagua. Ninachouliza ni kitu kingine: tulipoviunganisha vile viti viwili kuwa kimoja, tuliviunganisha pamoja na kamba zipi za kumfunga anayekikalia?

Kwa Wasukuma swali hilo ni la zamani. Kabla ya Mjerumani na Mwingereza, ardhi hii ilikuwa na watemi, yaani watawala wa jadi, wengi, kila mmoja na himaya yake: Busiya, Usambiro, Msalala, Karumo, Buchosa, na nyingine nyingi. Mtemi hakuwa mfalme wa kufanya atakavyo. Hakumrithi baba yake. Kwa kawaida alikuwa mtoto wa dada katika ukoo wa kitemi, na waliomchagua walikuwa wanang'oma, wazee wenye jukumu hilo, wakiongozwa na waganga na ramli. Walikuwa na nafasi ya kumpima kijana huyu na kumwacha yule. Baada ya kumtawaza hawakurudi nyumbani kulala. Walibaki karibu naye, wakimshauri na kumkanya.

Mtemi alipewa mengi. Watu walimlimia mashamba, walimletea sehemu ya mavuno, na windo kubwa lilipoanguka alipelekewa fungu lake. Lakini ghala lake ndilo lililofunguliwa wakati wa njaa, na mvua ilikuwa juu yake. Ikikatika mwaka mmoja, watu walivumilia. Ukame ukizidi, nzige wakija, ng'ombe wakifa, wazee waliweza kumwambia kwamba utemi umemshinda, wakamwondoa na kumweka mwingine. Leo tunajua kwamba hakuna binadamu anayeamuru mawingu. Lakini ukiliacha suala la mvua lenyewe, unabaki na kanuni ambayo naiheshimu sana: anayeshika mali ya wote hujibu kwa hali ya wote, na wapo watu wanaojulikana kwa sura na majina wenye haki ya kumwita ajibu.

Nisiwadanganye, haikuwa pepo. Katika karne ya kumi na tisa, biashara ya pembe za ndovu na watumwa ilipopita Unyamwezi na Usukuma ikiwa na bunduki, wako watawala waliojijengea nguvu zisizohitaji wazee. Mirambo wa Urambo, aliyefariki mwaka 1884, alisimama juu ya jeshi la rugaruga na ushuru wa misafara kuliko juu ya baraza. Na hata katika himaya tulivu, mwanamke na mgeni hawakuwa na sauti kubwa mbele ya wanang'oma. Nayasema haya kwa sababu siku hizi kuna watu wanaotaka turudishe utemi kana kwamba ulikuwa dawa ya kila ugonjwa. Mimi si mmoja wao.

Kilichouharibu utemi, kwa maoni yangu, kilitokea miaka mingi kabla haujafutwa. Mwaka 1926 Gavana Donald Cameron alileta sheria ya kutawala kupitia watawala wa jadi. Mtemi akapewa mshahara, mahakama, makarani na kazi ya kukusanya kodi. Kwa nje alionekana amekua. Kwa ndani zile kamba zilikatwa, kwa sababu tangu siku hiyo aliyeweza kumwondoa alikuwa Bwana DC, mkuu wa wilaya wa kikoloni, na wazee wake wakabaki watazamaji. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia, serikali ilipoanzisha mpango mkubwa wa maendeleo ya Usukuma, watemi ndio waliotumwa kusimamia amri za kupunguza mifugo, kulima matuta na kutoza faini. Mkulima wa pamba wa Shinyanga akamwona mtemi wake amesimama upande wa pili wa meza, pamoja na mzungu.

Wako waliojaribu kuubeba mzigo huo kwa heshima. Chifu Kidaha Makwaia wa Busiya, hapa hapa Shinyanga, mwaka 1945 aliteuliwa kuingia Baraza la Kutunga Sheria, na yeye pamoja na Chifu Abdiel Shangali wa Kilimanjaro walikuwa Waafrika wa kwanza kukaa humo. Alikuwa msomi, akaingia hata katika tume ya kifalme iliyochunguza uchumi wa Afrika Mashariki. Mwaka 1954 aliacha utemi, ukashikwa na nduguye Hussein. Mwaka huohuo TANU ilizaliwa, na muda si mrefu serikali ikakizuia chama hicho kufanya kazi Usukuma. Unaona njia zilivyoachana: heshima ya utemi ilikuwa inaelekea kwenye mabaraza ya wakoloni, na watu wakielekea kwenye vyama vya ushirika vya Paul Bomani na kwenye TANU.

Mwaka 1958 njia hizo ziligongana, na ziligongana Geita. Serikali ilianzisha baraza la wilaya la mchanganyiko, ambamo watemi wangekaa pamoja na wajumbe wa Kizungu na wa Kiasia, wakati Wazungu na Waasia katika wilaya nzima walikuwa wachache mno. Watu wa Geita walikataa. Walikusanyika, wakakaa wakidai kusikilizwa, umati ukafunga safari kwenda Mwanza, na polisi wakawatawanya kwa mabomu ya machozi. Baraza lile halikudumu. Babu zetu wale hawakuwa na redio ya mkononi wala simu. Walikuwa na hoja moja: hamwezi kutuwekea watu wa kutuamulia bila sisi. Natamani kila mtoto wa shule Geita afundishwe habari za mwaka 1958 kama anavyofundishwa vita vya Majimaji.

Kwa hiyo mwaka 1963 serikali huru ilipofuta utemi kwa sheria, machozi hayakuwa mengi. Tena aliyeongoza kuufuta alikuwa mwenyewe mtoto wa chifu, Julius Nyerere, mwana wa Chifu Nyerere Burito wa Wazanaki, na katika baraza lake la kwanza la mawaziri alikuwemo Chifu Abdallah Fundikira wa Unyanyembe. Majirani zetu walichukua njia nyingine. Uganda walimfanya Kabaka Mutesa wa Pili kuwa Rais, wakampindua mwaka 1966, wakafuta falme zote mwaka uliofuata, kisha wakazirudisha mwaka 1993 kwa sharti kwamba wafalme wasiguse siasa za vyama. Sisi tulifuta mara moja, tukamaliza.

Lakini kile kiti kipya tulichokitengeneza Desemba 1962 kilikuwa kikubwa kuliko vyote vilivyotangulia. Ibara ya 33 ya Katiba yetu ya mwaka 1977 inamfanya Rais kuwa Mkuu wa Nchi, Kiongozi wa Serikali na Amiri Jeshi Mkuu, vyote vitatu kwa pamoja. Ibara ya 37 inasema kwamba katika kazi zake yuko huru, halazimiki kufuata ushauri wa mtu yeyote, isipokuwa pale Katiba au sheria inapomtaka afuate. Naomba msikilizaji uipime hiyo ukimkumbuka mtemi na wanang'oma wake. Wakuu wetu wa Mikoa ya Shinyanga na Geita, Mkuu wa Wilaya ya Kahama, mkurugenzi wa halmashauri yako, mwenyekiti wa Tume ya Madini, na hata Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali, wote wanateuliwa na mkono mmoja.

Sasa twende kwenye dhahabu, kwa maana hapo ndipo jambo hili linapomgusa mtu aliye ndani ya duara kule Nyarugusu au anayesubiri zamu kwenye karasha pale Mgusu. Sheria ya Ardhi ya 1999 inasema ardhi yote ya Tanzania ni ya umma na iko chini ya Rais kama mdhamini kwa niaba ya wananchi. Sheria ya Madini ya 2010, kama ilivyorekebishwa mwaka 2017, inasema hivyohivyo kuhusu madini: ni mali ya umma, na Rais ameshikishwa kwa niaba ya watu wa Tanzania. Ukichimba choo nyuma ya nyumba yako Lwamgasa ukakuta mwamba wa dhahabu, mwamba huo una mdhamini, na mdhamini huyo ni Mkuu wa Nchi.

Mwaka 2017 tuliona mdhamini anaweza kufanya nini akiamua. Rais John Magufuli, mzaliwa wa Chato, mkoani Geita, mnamo Machi alizuia makinikia, yaani mchanga wenye madini, yasisafirishwe nje. Makontena 277 yakakwama bandarini Dar es Salaam, mengi yao yakiwa na mchanga wa Bulyanhulu na Buzwagi, migodi yetu. Kamati ya Profesa Abdulkarim Mruma, iliyoyachunguza, ilitoa ripoti tarehe 24 Mei, na siku hiyohiyo Waziri wa Nishati na Madini akaondolewa. Kamati ya Profesa Nehemiah Osoro ikafuata mwezi Juni. Sheria mpya zikapita bungeni kwa hati ya dharura. Kampuni ya Acacia ikadaiwa kodi na faini za dola bilioni 190. Mwishowe mmiliki wake mkubwa, Barrick, aliinunua yote, akakubali kulipa dola milioni 300, na Januari 2020 ukasainiwa mkataba uliorasimisha kampuni ya Twiga, ambamo serikali ina asilimia 16.

Nilifurahi, na furaha hiyo siifichi. Kwa watu waliokumbuka jinsi wachimbaji wadogo walivyoondolewa Bulyanhulu mwezi Agosti 1996 ili kumpisha mwekezaji, kumwona Mkuu wa Nchi amesimama mbele ya kampuni kubwa na kusema hapana kulituliza donda la muda mrefu. Januari 2019 aliwaita wachimbaji wadogo Dar es Salaam, akawasikiliza, na baada ya hapo wakaondolewa kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 18 na kodi ya zuio ya asilimia 5. Machi 2019 soko la dhahabu likafunguliwa Geita, na aliyekuwa anauza gramu zake gizani kwa bei ya mnunuzi akaanza kuuza mchana, kwenye mizani ya serikali.

Lakini furaha isitufanye tusione. Mazuri yale yalitokana na hulka ya mtu mmoja kukutana na mamlaka yasiyo na kamba. Hulka ikiwa njema, tunapata soko. Ikiwa na upendeleo, wilaya ya nyumbani kwake inapata uwanja wa ndege na hospitali ya rufaa ya kanda wakati wengine wanaendelea kusubiri zamu ambayo haina ratiba. Watu wa Chato ni ndugu zetu, na hospitali ile inawatibu watu wa Ushirombo na Runzewe pia, namshukuru Mungu kwa hilo. Hata hivyo, ugawaji wa mali ya wote haupaswi kutegemea mahali mkubwa alipozikwa kitovu chake. Magufuli alifariki tarehe 17 Machi 2021, na dhahabu ilibaki palepale ardhini ikisubiri mdhamini anayefuata.

Mdhamini huyo, Rais Samia Suluhu Hassan, alikuja Kisesa, Mwanza, Septemba 2021, na machifu waliokusanyika wakamtawaza kuwa Chifu Hangaya, mkuu wa machifu wote. Alivikwa mavazi ya kitemi, akapewa mkuki na ngao. Wengi walishangilia, na mimi naiheshimu nia ya wazee wale. Ila nilipoutazama utawazo ule nilijiuliza kilichokosekana. Rais alipewa heshima ya mtemi juu ya mamlaka yote aliyokuwa nayo tayari, lakini hakupewa wanang'oma. Machifu wa leo hawana uwezo wowote wa kisheria wa kumwambia kwamba mvua imekatika. Tukitaka kurejesha kitu cha kitemi katika serikali yetu, tuanze na hicho.

Na tusidhani kwamba kuwajibika ni desturi ya kigeni. Kwa nyakati zetu ilizaliwa hapa, katika maumivu makubwa. Katikati ya miaka ya 1970, mikoa ya Mwanza na Shinyanga ilikuwa na mauaji mengi, hasa ya vikongwe waliotuhumiwa uchawi. Vyombo vya dola vikaingia kuwasaka wauaji, watuhumiwa wakateswa, na baadhi yao wakafia mikononi mwa maofisa wa serikali. Habari zilipomfikia Mwalimu Nyerere, Waziri wa Mambo ya Ndani Ali Hassan Mwinyi alijiuzulu mwaka 1977, na pamoja naye Peter Siyovelwa, waziri katika Ofisi ya Rais. Mwinyi hakumpiga mtu wala hakuamuru mtu apigwe. Alisema kwa kitendo kwamba lililofanywa na walio chini yake ni lake. Miaka minane baadaye nchi ilimpa urais, na hadi alipofariki mwaka 2024 watu walilitaja jambo hilo kwa heshima.

Lakini angalia nani alijiuzulu. Walikuwa mawaziri. Katika mpangilio wetu waziri hubeba lawama na Mkuu wa Nchi hubaki juu yake, kama vile bado ni yule malkia wa mwaka 1961 asiyetoa amri. Tofauti ni kwamba Rais wetu anatoa amri. Ukiwa na kinga ya mfalme pamoja na mamlaka ya waziri mkuu kwa wakati mmoja, umechukua raha za viti vyote viwili na taabu ya kimoja tu. Bunge linaweza kumshtaki Rais na kumwondoa kwa theluthi mbili ya kura, Ibara ya 46A inaruhusu, lakini tangu iandikwe haijawahi kutumika. Tume ya Mabadiliko ya Katiba ya Jaji Warioba ilikusanya maoni ya wananchi, yakiwemo ya watu wa mikoa yetu, kuhusu kupunguza madaraka haya. Katiba Inayopendekezwa ya Oktoba 2014 ilitoka na sura nyingine, na hata hiyo kura ya maoni yake haijapigwa mpaka leo.

Wengine wataniambia tuwe na rais wa heshima tu, kama Ujerumani, na waziri mkuu aendeshe serikali. Inawezekana. Kwangu mimi hilo ni la pili. La kwanza ni kwamba mdhamini wa dhahabu awe na watu wa kuwatolea hesabu ambao hakuwateua yeye. Mkaguzi Mkuu athibitishwe na Bunge. Wajumbe wa Tume ya Madini vilevile. Na mikataba iwekwe hadharani: tunayo Sheria ya Uwazi na Uwajibikaji katika rasilimali za madini, mafuta na gesi ya mwaka 2015, na ndani yake upo wajibu wa kuchapisha mikataba na leseni. Sheria hiyo ipo, inahitaji kutekelezwa kwa ukamilifu, kwa Kiswahili, na nakala zibandikwe katika mbao za matangazo za halmashauri za Geita, Msalala na Shinyanga, mahali ambapo mtu anayeishi kando ya mgodi anaweza kusimama akasoma.

Wewe unayenisikiliza usisubiri Katiba mpya ndipo uanze. Mgodi unalipa ushuru wa huduma kutokana na mapato yake ghafi kwa halmashauri, na mpango wake wa kuihudumia jamii lazima upitishwe na halmashauri hiyo. Mkutano mkuu wa kijiji unatakiwa kuitishwa kila baada ya miezi mitatu. Kikao kijacho kikiitishwa Kakola, Nyarugusu, Mwakitolyo au hapo ulipo, nenda. Muulize diwani wako mambo matatu: mwaka huu tumepokea kiasi gani kutoka mgodini, kimetumika wapi, na nani amekagua. Asipokuwa na jibu, mpe muda, kisha urudi na majirani zako mumuulize tena.